Nilisema Nimeiona

Sehemu ya Tisa

Tk.

Friji lilikohoa mara moja, likatetemeka, likanyamaza.

Ukiishi na friji kuukuu unalizoea kama mume anayekoroma: husikii kitu mpaka anyamaze. Mimi nilisikia. Feni nayo ikajizungusha mara mbili tatu kwa uvivu, ikasimama. Na pale mezani, uso wa yule mama mshonaji uliokuwa umejaa skrini nzima, midomo ndiyo kwanza inafunguka aseme jambo, ukapotea.

Giza totoro.

Ilikuwa saa kumi na nusu alfajiri, Ijumaa. Filamu ilikuwa imebakiza dakika arobaini.

"Usikatike," niliuambia umeme, kama mtu anayeiomba chai isimwagike nayo iko sakafuni tayari.

Kitandani Chiriku akajigeuza. "Sitaki soksi," akasema usingizini, akaendelea kulala. Yule mtoto hata akilala haishiwi maneno, ndiyo maana tunamwita Chiriku.

Kwa msomaji aliyelikosa gazeti la wiki iliyopita: mimi ndiye yule niliyekuwa nikiandika maneno ya chini ya skrini kwenye kituo cha runinga, zamu ya usiku, mwanangu akilala kwa jirani. Baba Chiriku alishaondoka kwenda kutafuta maisha. Maisha ameyapata, sisi ndio hajatupata tena. Kisha mhakiki mmoja wa kipindi cha filamu aligombana na wenzake hadharani, akasusa, na mimi nikakalishwa kwenye kiti chake kwa majaribio ya miezi mitatu. Siku ya kwanza nilisema hewani kwamba filamu nzuri ni ile inayonifanya nisahau nguo za kukunja pale kwenye kochi. Tangu siku hiyo nchi nzima inaniita Mama Kochi.

Ijumaa hiyo ndiyo iliyokuwa ya mwisho ya majaribio yangu. Nikibakizwa, namlaza mwanangu mwenyewe kila jioni. Nikishushwa, narudi zamu ya usiku, na mtoto anarudi kulala kwenye mkeka wa watu.

Sasa nieleze sheria yetu, maana ndiyo iliyonitia kitanzini.

Mtayarishaji wetu tunamwita Bi Saa, kwa sababu hata akikupa pole anatazama saa yake. Ana sharti moja, amelibandika mpaka kwenye mlango wa choo: ASIYEIONA HAISEMI. Kila wiki kuna filamu tatu mpya na wahakiki watatu: Mzee Nyota, Wembe na mimi. Kabla ya kusema lolote juu ya filamu, kila mhakiki lazima atazame kamera na kutamka neno moja: "Nimeiona." Watazamaji wanalisubiri neno hilo. Watoto mitaani wanaliigiza. Ni kiapo chetu.

Na mimi filamu ya tatu sikuwa nimeimaliza.

Nikasema umeme utarudi. Mimi na matumaini ni chanda na pete. Saa moja ikapita, nikamwogesha Chiriku. Saa tatu ikapita, nikampigia simu Mama Pacha, jirani anayenishikia mtoto.

"Mama Chiriku, usije," akaniambia. "Pacha wote wawili wana homa. Ukimleta wako, tutakuwa na watatu."

Basi mtoto akawa wangu siku nzima. Na umeme haukurudi.

Ni lazima mjue kwamba filamu zile hatuletewi kwenye mkanda. Tunatumiwa linki, nayo hufunguka kwenye kompyuta moja tu, ile uliyoisajili, ili wezi wasiipate. Ijumaa saa sita mchana inajifunga yenyewe. Kompyuta yangu betri yake ilikufa zamani. Inaishi kwa waya kama mgonjwa wa dripu.

Saa tano nikaona nikiendelea kungoja nitangoja mpaka kiama. Nikaibeba kompyuta kwapani, nikamshika Chiriku mkono, tukakimbilia kwa kinyozi wa mtaa wa pili. Ana jenereta.

"Kaka, nakuomba tundu la umeme. Dakika arobaini tu."

"Dada yangu, jenereta hii ni kama mimi, haibebi wake wawili," akasema. "Ama mashine ya kunyolea, ama hiyo yako. Ngoja nimalize kichwa hiki."

Mwenye kichwa hicho alikuwa amenyolewa upande mmoja. Akanitazama kwenye kioo kwa hofu. "Asije akaniacha hivi," akasema.

"Mjomba, unafanana na ramani," Chiriku akamwambia.

Kichwa kikaisha saa sita kasoro dakika nne. Nikachomeka. Kompyuta ikawaka polepole, kama mzee anayetafuta viatu. Nikaandika neno la siri, nikakosea, nikaandika tena. Uso wa mshonaji ukatokea, midomo ikafunguka.

"Mimi..." akasema.

Skrini ikawa nyeupe. *Muda wa kutazama umekwisha. Asante.*

Kinyozi akainamia bega langu. "Alikuwa anataka kusema nini?"

"Hata mimi ningependa kujua," nikamjibu, na machozi yakanitoka pale pale kati ya nywele za watu.

---

Saa kumi jioni tulikuwa kituoni. Bi Saa alinikuta kwenye korido, akamtazama Chiriku, akatazama saa.

"Huyu ni nani?"

"Ni mwanangu, dada. Sikuwa na pa kumwacha."

"Akae na Poda. Asisogee." Poda ndiye kijana anayetupamba nyuso. Kisha Bi Saa akanivuta pembeni, akashusha sauti. "Nisikilize, maana nakupenda. Kuanzia wiki ijayo kipindi kinabaki na wahakiki wawili. Mmoja anashuka leo. Mkurugenzi atakaa juu, nyuma ya kioo, anatazama. Mzee hawezi kuguswa, watazamaji watachoma moto geti. Kwa hiyo ni wewe au Wembe. Umeelewa?"

"Nimeelewa, dada."

"Zote tatu umeziona?"

Hapo, msomaji wangu, ndipo nilipopaswa kusema kweli. Mlango ulikuwa wazi kabisa.

"Nimeziona," nikasema.

Wembe alikuwa anapita na kikombe chake. Kijana mrefu, shati limepigwa pasi hadi linakata, ulimi ndio usiseme. Aliacha ualimu kwa ajili ya runinga, na wanafunzi wake walifanya sherehe.

"Mama Kochi! Leo umekuja na uzao," akasema. "Ni mhakiki mpya au ni wakili wako?"

"Mimi nina meno ishirini," Chiriku akamjibu.

"Basi umemzidi mama yako. Yeye wiki tatu hizi hajang'ata filamu hata moja."

Akaenda zake akicheka. Nami nikaenda kumtafuta mtu mmoja tu aliyeweza kuniokoa.

Mzee Nyota yuko kwenye kipindi hiki miaka kumi na saba. Yeye ndiye anayetoa nyota mwishoni, na filamu akiinyima nyota, hata mwenye jumba la sinema anaficha bango. Sauti yake nzito, ya taratibu, ukiisikia unatamani kukaa chini. Yeye ndiye aliyenitoa kwenye maneno ya chini ya skrini akaniombea kiti. Na kila Ijumaa kabla ya kipindi alikuwa ananipa somo kwenye chumba cha kupambwa: nimweleze filamu picha kwa picha.

"Usiniambie nzuri," alikuwa akisema. "Nzuri hata mbuzi anajua. Niambie kushoto kuna nini. Niambie mkono wake uko wapi anapodanganya."

Nilikuwa najivunia somo lile. Kule kwenye masomo ya jioni nilikuwa nikikaa nyuma, nimechoka, mwalimu hajui hata jina langu. Hapa mtu mzima wa heshima zake ananisikiliza amefumba macho.

Nikamkuta amekaa mbele ya kioo chenye taa pande zote, miwani yake mizito usoni.

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba, mwanangu. Na huyo mwenye viatu vinavyolia ni nani?"

"Chiriku," mtoto akajibu mwenyewe. "Viatu vyangu vinalia kwa sababu vina njaa."

Mzee akacheka mpaka poda ikamdondoka kwenye kola. Poda, aliyekuwa akimpamba, akamchukua mtoto kwenda kumtafutia biskuti. Mlango ukafungwa.

"Haya, somo," akasema Mzee. "Leo hatuna muda. Tuanze na *Mshonaji*, zile dakika kumi na mbili za mwisho. Nieleze."

Nikapiga magoti pale kando ya kiti chake.

"Mzee, sikuziona."

"Nini?"

"Umeme ulikatika. Nimeona mpaka pale anapotaka kusema jambo. Baada ya hapo sijui kitu. Mzee wangu, nakuomba, leo nisimulie wewe. Mara moja tu. Nani anarudi? Binti yake anarudi? Niambie tu, nitajaziliza mwenyewe."

Akashika ukingo wa meza kwa mikono miwili. Halafu akacheka, kicheko kifupi, hakikuwa na furaha ndani yake.

"Basi tumekwisha," akasema.

"Tumekwisha, au nimekwisha?"

"Nilisikia mlango," akasema polepole. "Nyayo za mtu mmoja. Labda wawili. Maji ya bomba. Cherehani ikazunguka kidogo, ikaacha. Kisha muziki. Hawasemi neno, mwanangu! Dakika kumi na mbili hawasemi hata neno moja, watu wasio na huruma wale!"

"Ulisikia," nikasema. "Sasa, uliona nini?"

Akanigeuzia uso. Macho yake yakaja mpaka kwenye sikio langu, yakakomea hapo.

"Mwaka wa pili huu," akasema. "Naona mwanga na kivuli. Wewe ni kivuli kirefu. Mwanao ni kivuli kifupi chenye kelele."

"Lakini kila Ijumaa unatazama kamera unasema..."

"Najua ninachosema."

"Mbele ya nchi nzima!"

"Najua iko wapi nchi nzima. Ni ile taa nyekundu ya kamera, hiyo bado naiona kidogo." Akapapasa meza, akapata kikombe cha maji, akanywa. "Marehemu mke wangu ndiye aliyekuwa ananitazamia. Tulikaa kochi moja, ananinong'oneza. Alipotangulia nikasema basi, nitaaga. Kisha siku ile ukaja na karatasi zako za maneno ya chini, ukasimama nyuma yangu filamu inaendelea, ukasema peke yako, 'Mvua hii ya uongo, mwavuli wa yule bwana haudondoshi hata tone.' Nikasema, kumbe bado."

Sikieni sasa ubaya wa moyo wangu. Mtu mzima ananifungulia jeraha lake, na mimi nilichokisikia ni kimoja tu.

"Kwa hiyo hukunichagua kwa akili yangu," nikasema. "Ulitaka macho ya kuazima."

"Macho yasiyo na akili hayaijui mvua ya uongo, mwanangu."

"Miezi mitatu nasema nafundishwa, kumbe natumika!"

"Ulifundishwa, na ulitumika. Yote mawili." Akakiweka kikombe mezani. "Ukiamua kusema, sitakulaumu. Lakini nakuomba usiseme. Nikitoka kwenye kile kiti watanipa shada la maua na mashine ya chai, nirudi kwenye nyumba ambayo hakuna anayeninong'oneza kitu. Nitakufa kabla maua hayajanyauka."

Mlango ukagongwa. "Dakika nne!" Ilikuwa sauti ya Bi Saa.

Mzee akasimama, akajifuta poda. Akatoka. Nilimtazama kwa mara ya kwanza kama anavyostahili kutazamwa: hatua tisa mpaka mlangoni, kidole kikigusa ukuta kidogo tu, kama mtu anayeusalimia. Miezi mitatu nimejisifu kwamba mimi naona. Sikuwa nimeona.

Na njiani shetani akanipigia hesabu sikioni. Viti vitatu vinakuwa viwili. Mmoja anashuka. Neno moja tu kwa Bi Saa, na anayeshuka si mimi wala si Wembe. Neno lenyewe la kweli! Nani anahukumiwa kwa kusema kweli?

Bi Saa alikuwa amesimama mbele yangu, anabandika kipaza sauti kwenye blauzi yangu.

"Una jambo?" akaniuliza. "Uso wako umekuwa kama karatasi."

Nikafungua mdomo.

"Ni joto, dada," nikasema.

---

Taa zikawaka. Juu, nyuma ya kioo, kivuli cha Mkurugenzi kilikuwa kimekaa na kalamu. Nyuma ya kamera ya pili Chiriku alikuwa ameketi juu ya sanduku, Poda amemshika bega, mdomo umejaa biskuti. Ndilo jambo pekee lililoweza kumnyamazisha.

Filamu ya kwanza ilikuwa *Lifti*, watu wanne wamekwama kati ya ghorofa ya sita na ya saba.

"Nimeiona," tukasema mmoja mmoja.

"Saa mbili ndani ya kabati la chuma," Wembe akaanza. "Nilitamani waanguke, angalau tubadilishe mandhari."

"Wewe hujawahi kukwama na usiyempenda," nikamwambia. "Mimi nilimtazama yule mwenye nyumba na mpangaji wake. Mara ya kwanza wamesimama kila mtu kona yake. Mwisho wamekaa chini, viatu vyao vinagusana, na hakuna aliyevuta mguu. Hilo ndilo filamu inalosema, si lifti."

"Viatu!" akasema Wembe. "Sisi tunahakiki sinema, mwenzetu anahakiki duka la viatu."

Mpiga picha akacheka. Mzee akasema, "Mimi niko na Mama Kochi. Viatu havisemi uongo." Akaipa nyota tatu.

Filamu ya pili, *Bwana Harusi wa Kukodi*, tuliibomoa wote watatu kwa furaha. Hata Wembe na mimi tulikubaliana, jambo ambalo halikuwahi kutokea. Nikaanza kupumua. Nikajiambia huenda itapita. Filamu moja tu. Nitasema mambo ya mwanzo, nitasifu, nitanyamaza.

"Na sasa *Mshonaji*," akasema Mzee.

Wembe akatazama kamera. "Nimeiona."

Mzee akaitazama taa nyekundu. "Nimeiona."

Zamu yangu. Ile taa ilinikodolea kama jicho la mwalimu mkuu.

"Nimeiona," nikasema.

Nilikuwa nimewadanganya watu wengi kiasi gani? Sijui. Mama Pacha alikuwa anatazama kwenye simu yake, pacha wake wana homa mapajani. Kinyozi alikuwa anatazama, na yeye alijua.

Nikaanza mbio. Nikaeleza jinsi yule mama, ambaye binti yake alipotea akiwa na miaka sita, kila mwaka anashona gauni moja kubwa kidogo kuliko la mwaka uliopita. Anakisia urefu. Anakisia kiuno. Nikasema mimi nina mtoto wa miaka mitano, na nilipoona magauni kumi na moja yamening'inia kwa mpangilio, la kwanza fupi, la mwisho la mwanamke mzima, ilibidi niende kumgusa wangu kitandani. Hayo yote niliyaona kweli. Sauti yangu ikapasuka, na studio ikatulia.

"Kwa hiyo umelia," akasema Wembe.

"Nimelia."

"Mpaka mwisho?"

"Mwisho tuwaachie watazamaji, tusiwaharibie uhondo," Mzee akaingilia haraka.

"Hakika, Mzee wetu. Mimi ni nani nimharibie mtu uhondo." Wembe akajisogeza mbele, viwiko mezani. "Lakini nina swali moja dogo, halifichui kitu, jibu lake ni ndiyo au hapana. Nakuuliza wewe, Mzee, maana mimi nimeikataa filamu hii kwa sababu ya jambo hilo tu. Lile gauni la mwisho. Aliyelivaa pale mwishoni, lilimkaa au halikumkaa?"

Alikuwa anatabasamu. Si lile tabasamu lake la kejeli. Hili lilikuwa la mtu aliyetega, anasubiri kamba ivutike.

Nikaelewa kwa mkupuo. Huenda hakuna aliyelivaa. Mzee akisema ndiyo, amenaswa. Akisema hapana, amenaswa vilevile. Wembe alikuwa ameanza kunusa kitu siku nyingi, na leo, siku ya kiti kupungua, ameleta wavu.

"Mzee?" akasema tena, kwa upole kabisa. "Ndiyo au hapana?"

Mkono wa Mzee ulianza kutembea juu ya meza, kidole kwa kidole, ukitafuta kitu ambacho hakikuwepo. Sekunde moja. Mbili. Kwenye kidude cha sikioni nikamsikia Bi Saa akinong'ona, "Mbona hajibu? Mbona hajibu?"

Mzee akafungua mdomo.

"Mzee hawezi kujibu," nikasema. "Ni kwa sababu yangu."

Vichwa vyote vikanigeukia. Hata Mkurugenzi kule juu akasimama.

"Sikuimaliza," nikasema. Nilitazama ile taa nyekundu, maana ndiyo niliyoidanganya. "Umeme ulikatika kwangu alfajiri, zikabaki dakika arobaini. Nilikimbia na kompyuta mtaani, sikuwahi. Nilipofika hapa nikamwangukia Mzee magotini, nikamwomba mwisho usiguswe kabisa, asiutaje, asiuzungumze, ili nisiaibike. Akanihurumia. Sasa anashindwa kukujibu wewe kwa sababu aliniahidi mimi. Nimesema nimeiona, na sikuiona. Naombeni radhi."

Nusu ya maneno hayo ilikuwa kweli tupu. Nusu ilikuwa uongo, na ni uongo ambao mpaka leo sijaweza kuutubu.

Tabasamu la Wembe likayeyuka. Alikuja kuwinda tembo, akanasa kuku, na kuku mwenyewe amejileta jikoni. "Sawa," akasema. "Sawa. Angalau umesema." Kwa mara ya kwanza hakuwa na kejeli ya kuongeza.

"Umejimaliza, mdogo wangu," Bi Saa akasema sikioni mwangu. "Umejimaliza. Hatuwezi kukata, tuko hewani. Mzee atoe nyota, tufunge. Dakika moja na nusu."

Kule juu kalamu ya Mkurugenzi ilikuwa inaandika.

Nikafikiria mkeka wa Mama Pacha. Nikafikiria Chiriku akiniuliza kwa nini naenda kazini wakati watu wanapiga mswaki. Lakini ndani ya kifua, mahali palipokuwa pamenibana tangu alfajiri, pakalegea kidogo. Nikasema, la kwangu limekwisha, lakini la huyu mzee nimelifunika.

"Mzee, nyota zako," akasema Wembe, taratibu.

Mzee Nyota hakutoa nyota. Midomo yake ilikuwa inacheza. Akavua miwani afute macho, miwani ikamponyoka. Ikagonga ukingo wa meza, ikaanguka sakafuni upande wa kamera.

Akainama. Mkono wake ukapapasa sakafu kushoto. Ukapapasa kulia. Miwani ilikuwa mbele yake, haifiki urefu wa kalamu, inameremeta chini ya taa zote zile.

Nilitaka kuinuka. Waya wa kipaza sauti ukanishika kwenye kiti.

Nikasikia viatu vinalia. Chiriku alikuwa amemponyoka Poda. Akaja mbio mpaka mbele ya meza, mbele ya kamera, mbele ya nchi nzima, akaiokota miwani, akamwinulia Mzee usoni kwa mikono miwili, kama alivyofundishwa kumpa mtu mzima kitu.

Mzee akaendelea kupapasa hewa.

Mtoto akangoja. Akaisogeza kushoto, akaisogeza kulia. Mkono wa Mzee ukapita kando yake mara mbili. Yule mwanangu asiyeishiwa maneno alikuwa kimya kabisa, kichwa kaegemeza begani, anamtazama.

Kisha akanigeukia. Kipaza sauti cha Mzee kilikuwa shubiri moja kutoka mdomoni mwake.

"Mama, huyu babu haoni."